Taa Ilikuwa Upande wa Dobi

Chumba cha Kufunga Majalada,
Nyuma ya Mahakama ya Rufaa,
S.L.P. 318.
14 Agosti 1986

Mpendwa mdogo wangu,

Kwa heshima na taadhima natangaza kwako, na kwa wote watakaosomewa barua hii, kwamba sindano yangu ya kushonea majalada, iliyopotea tangu Jumatatu, imeonekana. Nilikuwa nimeikalia. Ukiondoa hilo sisi ni wazima. Wifi yako kifua kimempungua, ulimi umemzidi. Nanyi je? Goti la shemeji limekubali kukunjika? Na wapwa zangu wale wawili?

Barua yako nimeipata. Umeuliza jambo moja tu: kaka yetu mkubwa akija kukaa kwako, na mabinti wamo ndani, umpokee au usimpokee? Yaani, aliua au hakuua.

Unaijua kazi yangu. Kesi ikikatiwa rufaa, karatasi zake hupita kwangu nizishone. Sheria yangu yote imeingia kwa vidole. Ya kaka niliishona mwenyewe, kurasa mia mbili na kumi na mbili, na kila nilipotoboa, neno "marehemu" lilikuwa pale linanitazama. Yule mwashi jirani yake hakuwa msemaji alipokuwa hai. Amekufa, yumo kila ukurasa.

Rufaani hakuna shahidi wala kilio. Ni majaji watatu, karatasi, na feni. Hawaulizi nani kaua. Wanauliza huyu anayesema ameona, aliona kwa mwanga gani, umbali gani, na jina alilitaja lini. Na kule kwenye kesi ya kwanza shahidi alikuwa mmoja tu, dobi wa ng'ambo ya ua. Kitanzi cha kaka kilining'inia kwenye macho yake mawili.

Dobi alisema aliona wakati wa magharibi, kupitia dirisha lililofungwa: kaka kasimama kushoto kwa pipa la maji, mwashi yuko chini. Jaji mwenye miwani akafungua ukurasa wa arobaini na saba.

"Taa ilikuwa wapi?"

"Mezani kwa dobi, mheshimiwa. Alikuwa anapiga pasi."

"Na uani?"

Wakili wa serikali akapekua, akapekua tena. "Hakukuwa na taa, mheshimiwa."

Jioni ile nikajaribu humu chumbani. Nikawasha taa, nikafunga dirisha, nikatazama nje. Mtu alikuwa amesimama uani, mrefu, kachoka, ananikodolea macho. Nikamwuliza, "Wewe nani?" Midomo yake ikacheza pamoja na yangu. Nywele zilinisimama mpaka nilipoona kavaa shati langu. Nikazima taa, akaondoka.

Tena dobi alimwambia polisi wa kwanza "mtu mrefu" tu. Jina la kaka lilikuja siku ya nne. Basi, wakamwachia. Ila jaji alisoma pole pole: "Hatusemi hakutenda. Tunasema haikuthibitishwa pasipo shaka."

Wifi yako akanibana ubavu. "Kwa hiyo hakuua?"

"Kwa hiyo wamemwachia."

"Nimekuomba chai, unanipa sukari!"

Wiki tatu amekaa kwetu, mpole kuliko zamani. Anafagia, anakaza miguu ya viti. Lakini kila magharibi, kabla wifi yako hajagusa kiberiti, mapazia yote yamekwisha fungwa. Nikasema ni mambo ya jela, yataisha. Nikakuandikia: mpokee, ni damu yetu.

Hakutaka kungoja barua itangulie. Leo asubuhi nikamsindikiza stendi. Alipoketi, akashusha kioo kiasi cha kiganja, akaniita, na sauti yake ilikuwa ya mtu anayesahihisha kipimo cha mlango.

"Yule dobi mwongo, bwana. Eti kushoto kwa pipa. Mimi nilikuwa kulia."

Basi likaondoka.

Barua ile ya kwanza nimeichana. Jibu langu ni hili: usimpokee. Mwambie nyumba imejaa, mwambie lolote, ila asilale ndani na wale watoto.

Msalimie shemeji na goti lake, wabusu mabinti, na mama mkwe mwambie miwani yake naishughulikia. Mola awafunike kwa mkono usiochoka.

Wako akupendaye daima,
Kaka yako wa katikati

N.B. Simu za posta zimekatika tangu wiki jana. Basi linafika kwenu kesho kutwa. Barua ni siku tisa.