Chumvi Niliyokutumia

6 Machi, asubuhi

Mjomba wangu mpendwa,

Shikamoo. Natumaini mgongo umekuruhusu kukaa kwenye kiti chako cha kazi. Sisi huku hatujambo.

Kwa miaka mingi swali moja limenisumbua: aliye mbali anamtunzaje aliyemlea bila kumgeuza mgonjwa? Limenirudia kwa ukali tangu uliponitumia picha ya vipimo vyako vya damu. Nimeisoma mara tatu. Sukari na kalsiamu ziko mahali pake. Sodiamu, kloridi na bikaboneti, zinazoeleza jinsi mwili unavyosawazisha maji na asidi, nazo ni nzuri. Yurea na kreatinini ni taka zinazochujwa na figo. Kreatinini yako imepanda kidogo. Ila potasiamu ni 5.9, na maabara imeandika kuwa mwisho wa kawaida ni 5.1. Ikizidi, huvuruga mapigo ya moyo. Daktari amesemaje?

Mpwa wako

6 Machi, jioni

Mpwa wangu,

Marahaba. Mimi mzima, ila wewe naona umeshikwa na homa ya karatasi. Daktari sikumkuta, nilipewa bahasha nikarudi zangu dukani kutengeneza saa za watu. Halafu wewe si daktari wa historia? Au mfalme gani alikufa kwa potasiamu?

Kidonge cha presha nameza kila siku. Na ile chumvi uliyonitumia, ya watu wa presha, naila kwa utiifu. Uliandika, "Tumia bila wasiwasi," basi naitia kwenye mayai, viazi, hata nyanya. Ina ladha ya kulamba msumari, lakini imetoka kwako.

Mjomba wako

6 Machi, usiku

Mjomba,

Shikamoo tena. Ninalo kopo la chumvi hiyo kama lako hapa mezani. Mbele limeandikwa "sodiamu kidogo", nami nilisoma hapo tu. Nyuma, kwa herufi ndogo: "Potasiamu kloridi. Mwenye tatizo la figo au anayetumia dawa za presha amwone daktari kwanza."

Chumvi hiyo iache sasa hivi, na uende hospitali usiku huu na karatasi yako pamoja na kopo. Kidonge usikiache kwa uamuzi wako wala wangu. Waache waamue wao. Nakupigia, hupokei.

Mpwa wako

8 Machi

Mjomba,

Simu yako imezimwa. Fundi viatu wa jirani anasema duka limefungwa tangu jana. Ukisoma haya, andika neno moja tu.

Mpwa wako

9 Machi

Mpwa wangu,

Hujambo? Neno moja: nipo.

Dereva wa teksi alinipeleka usiku uleule, simu nikaisahau dukani hadi leo, ikaisha chaji. Walinibandika nyaya kifuani kama redio mbovu, wakasema moyo unakwenda sawa. Wamenibadilishia kidonge, na chumvi wamenikataza. Damu ya leo potasiamu ni 4.7.

Sasa sikia. Muuguzi anasema chupa ya kwanza ya damu huenda iliharibika. Damu ikikaa sana kabla ya kupimwa, chembe hupasuka na potasiamu hutoka humo. Kwa hiyo chumvi yako haina kesi. Lala.

Mjomba wako

12 Machi

Mjomba wangu,

Shikamoo. Nafurahi umefungua duka.

Nimejaribu kuamua kama ni mimi niliyekudhuru, na nimeshindwa. Vitu vitatu vilibadilika kwa pamoja: chumvi, kidonge na chupa ya damu. Nikikubali maelezo ya chupa, nahofia nimechagua jibu linaloniacha nilale. Nikiyakataa, huenda najipa umuhimu nisiokuwa nao hata katika ugonjwa wako.

Tena sijui kama muuguzi aliyasema maneno hayo, au umeyatunga wewe. Ningeweza kukuuliza. Sikuulizi, kwa sababu shahidi wangu pekee ni mtu ambaye, tangu nilipokuwa na miaka saba, hajawahi kuniacha niende kitandani na kosa langu.

Mpwa wako