Mzabibu wa Mourine

Jumamosi, 8 Februari 2025

Amefanya tena! Nimerudi kutoka soko la Githurai nikamkuta Baba Mourine juu ya stuli, makasi mkononi, anatoa machipukizi kwenye mzabibu. Mabichi, mazuri, yote yametupwa chini. Nikamuuliza kwa nini. Hata hakugeuka. Eti machipukizi ni wezi, yanakula chakula cha mti. Miaka ishirini na sita amepruni kahawa kwenye mashamba ya Thika, mimi nitamfundisha nini?

Halafu huyo huyo analalamika kwamba mti hauna faida. Miaka minne, majani tu. Pasaka ikipita bila zabibu anaung'oa, hapo ukutani aweke tangi la maji. Na ameshaongea na Njau, fundi!

Jumapili, 9 Februari

Mourine amepiga simu kutoka Doha. Swali la kwanza, kama kila Jumapili: mzabibu umezaa? Aliupanda wiki ile aliyosafiri, akasema akirudi atakuta tunakula. Kurudi kwenyewe kila mwaka kunasogezwa mbele. Nikasema bado. Baba yake akadakia kwamba huo mti ni dume. Dume! Mtu mzima!

Jumanne, 11 Februari

Nimemeza aibu nikaenda kwa Waithira, nyumba ya tatu kutoka kwetu. Kijiti cha mzabibu wetu Mourine alikikata kwake. Wake ulizaa mpaka akagawia kanisa. Nikamweleza habari ya machipukizi. Alicheka akashika ukuta.

"Ngai! Mama Mourine, hiyo si kahawa! Zabibu inakuja na hiyo chipukizi mpya, ile inatoka kwa kijiti ya brown ya mwaka jana. Mzee akitoa hiyo, ametoa zabibu ikiwa bado tumboni."

Akasema sasa ndio wakati, kiangazi, kabla ya mvua. Mti upumzike bila maji kwanza. Wetu umepumzika vya kutosha, mfereji haujatoa kitu tangu Januari. Kisha kila kijiti kikatwe, yabaki macho mawili au matatu, pale chipukizi zinapotokea. "Na usiionee huruma. Ukimaliza, mwagia maji mob, mengi kabisa."

Yaani miaka minne tumekuwa tukiutunza usizae.

Jumatano, 12 Februari

Nimemwambia. Kosa langu, nilimwambia wakati wa chai, Njau akiwa hapo. Njau akacheka. Baba Mourine akainuka. Alifunga makasi kwenye kile kitambaa chake cha mafuta, akayaweka juu ya kabati. Baadaye sana ndipo akauliza Waithira amepruni miti mingapi maishani. Hatujaongea tena. Kichwa ngumu!

Ijumaa, 14 Februari

Amesafiri Mumias, matanga ya binamu yake, halafu mambo ya shamba la ukoo. Labda mwezi. Makasi ameyaacha.

Jumamosi, 15 Februari

Nimekata, nikaumwagia mitungi mitatu ya maji ya kununua. Mungu wangu. Umebaki mikono miwili kwenye waya na vijiti vifupi vifupi. Unatisha. Nikikosea, nimemrahisishia Njau kazi.

Jumatatu, 17 Februari

Mti unalia! Maji yanadondoka kila nilipokata. Nikafunga vitambaa. Waithira akaja akavifungua vyote. Eti wacha ilie, hiyo ni mizizi inafanya kazi. Sijalala vizuri.

Jumatatu, 3 Machi

Macho ya vijiti yamevimba. Yana rangi ya waridi.

Alhamisi, 13 Machi

Zabibu! Vishada vidogo, chembe za kijani kama punje za wimbi. Machipukizi kumi na moja, kila moja na kishada chake. Mourine alipiga kelele kwenye simu. Baba yake sijamwambia. Nataka aone mwenyewe, halafu nimwambie "nilikuambia", Njau akiwepo.

Jumamosi, 15 Machi

Amefika na basi la usiku, bila kupiga simu. Nilikuwa mazoezi ya kwaya. Narudi, namkuta juu ya stuli. Koti hajavua. Miwani hana. Machipukizi matatu chini.

Nikafungua mdomo. Maneno yote ya mwezi mzima yalikuwa tayari. Lakini la nne alikuwa nalo kwenye kiganja, amelisogeza karibu kabisa na uso, kidole gumba kinagusa kile kishada polepole.

"Mama Mourine," akasema bila kugeuka. "Zile nilizotupa miaka yote. Zilikuwa hivi?"

Nimekimbilia jikoni, nimewasha chai, naandika nikiwa nimesimama. Namwona dirishani. Yamebaki saba. Bado yuko juu ya stuli, ametoa uzi mfukoni, analifunga lile chipukizi pale pale alipolikata. Anajua kuliko mtu yeyote kwamba halitashika. Anazungusha uzi tu, taratibu, na chai imeanza kumwagika na mimi sija—