Adongo Anakaa Huko

Jumamosi, tarehe 8 Januari 1994
Komarock

Shajara yangu,

Leo jua limewaka tangu asubuhi, na vumbi la barabarani limeingia hadi kwenye sufuria. Niliahidi kwamba mwaka huu nitakuambia yote. Kwa hivyo nitakuambia yote, hata sehemu ambayo ningependa kuiruka.

Shule zinafunguliwa Jumatatu. Mimi naingia darasa la saba, na mdogo wangu Apiyo anaingia la kwanza. Asubuhi Mama alimwita ajaribu sare. Aliinunua mwaka jana, Apiyo akiwa nasari, akaipiga pindo pana ili liwe linafunguliwa mtoto anaporefuka. Leo alikuwa ameshika wembe tayari kufumua nyuzi.

"Simama wima. Wacha kukunja magoti."

"Sijakunja, Mama."

Kweli hakuwa amekunja. Sare ilimfika palepale ilipomfika mwaka jana. Mama aliutazama wembe, akauweka mezani.

Wambui wa nyumba ya pili, ambaye tunasoma naye, alikuwa mlangoni amekuja kurudisha pasi. "Sasa, kafupi?" akamwambia Apiyo. "Wewe unakula ugali ama unauangalia tu?"

Apiyo alicheka. Mimi sikucheka.

Mimi najua kwa nini hakui.

Nyanya yetu kule Siaya alitufundisha kwamba hadithi haiachwi wazi. Ukimaliza unasema "tinda", yaani imekwisha, kisha wewe na wote waliosikiliza mnasema, "Nami nikue niwe mrefu kama mti ulio nyumbani kwa mjomba wangu." Mtoto akiondoka kabla ya maneno hayo, urefu wake unabaki pale alipokuwa ameketi. Niliwahi kumuuliza mwalimu wetu wa sayansi, naye akasema kukua ni chakula bora na usingizi wa kutosha. Namwamini mwalimu. Namwamini Nyanya pia.

Na hadithi ninayomsimulia Apiyo sijaifunga tangu mwaka juzi.

Apiyo alizaliwa pacha. Mwenzake, Adongo, alifariki kwa homa wakiwa na miaka minne. Hapa kwetu jina hilo halitajwi. Baba akilisikia huongeza sauti ya redio. Mama huinuka akaenda kuosha vyombo ambavyo ni safi tayari. Sasa Apiyo angemuuliza nani? Aliniuliza mimi.

Alianza mbali. Alitaka kujua watu wa hadithi hukaa wapi msimulizi akinyamaza. Nikamwambia wana nchi yao, inaitwa Huko. Nyumba zetu zimejengwa kwa mawe, nchi yao imejengwa kwa hadithi zenyewe. Zimwi anauza maandazi, kwa kuwa hadithi yake imekwisha na hana tena kazi ya kula watu. Bomba la maji la Huko halikauki hata siku moja. Fisi ndiye mlinzi wa lango, na hulala kazini.

Huko kuna sheria moja tu: kisichosimuliwa hakipo. Sheria hiyo aliigundua Apiyo. Siku moja alishinda na huzuni, hata chai hakuimaliza, nami nilipombembeleza sana akasema, "Anyango, nyumba ya Sungura haina mlango. Hukuusema. Watoto wake watatokaje?" Ikabidi niusimulie mlango, na komeo, na gunia la kupangusia miguu.

Ndipo akauliza, "Na Adongo ana hadithi?"

Nikasema anayo. Ningesema nini?

Tangu siku hiyo Adongo anakaa Huko, katika nyumba ya mlango wa buluu karibu na bomba, na mke wa Sungura ndiye humsuka nywele. Kila siku naongeza kidogo, na kila siku naacha bila kufunga, kwa sababu nikikaribia mwisho Apiyo huniziba mdomo kwa kiganja.

Leo niliamua kufunga. Alasiri tuliketi kwenye ngazi ya nyuma tukichagua mchele. Nilisimulia haraka, macho kwenye ungo, lakini aliisikia sauti yangu inavyoelekea.

"Usiseme tinda."

"Lazima niseme. Umeona sare yako?"

"Ukifunga, Adongo atalala wapi?"

"Apiyo, hukui."

"Sitaki kukua. Nikikua hatutafanana."

Mchele ulinimwagika. Nilipoinama kuuokota nikaona miguu ya Mama chini ya shuka zilizoanikwa. Alikuwa pale kwenye kamba muda wote.

Nilingoja kugombezwa. Nilingoja aende kwenye vyombo vyake. Alikuja akaketi katikati yetu, mikono yake bado ina maji.

"Huko amevaa nini?" akauliza.

Apiyo alinitazama kwanza, kama anayeomba ruhusa. "Gauni la manjano. La Krismasi."

"Lile lina kifungo kilichokatika mgongoni," Mama akasema. "Anyango, simulia kifungo."

Nikasimulia kifungo. Cheupe, cha matundu manne, kimeshonwa kwa uzi wa kukunja mara mbili ili kisikatike tena. Mama alikuwa anaitikia kwa kichwa kila nilipoongeza neno.

Kisha akamgeukia Apiyo. "Sisi tukifunga mlango jioni, nyumba huanguka?"

"Hapana."

"Wewe huwa uko wapi?"

"Ndani."

"Na asubuhi?"

"Unafungua."

"Basi mwache dada yako afunge."

Apiyo alichorachora kwenye mchele kwa kidole. Mwishowe akasema, "Lakini kesho ufungue." Nikasema, "Tinda." Tukasema pamoja, sisi watatu, tukue tuwe warefu kama mti ulio nyumbani kwa mjomba. Mama akaongeza, polepole, "Na Adongo pia."

Nilikuwa nimesahau jinsi anavyolitamka jina hilo.

Tuliporudi ndani aliuchukua ule wembe akafumua pindo lote. Sare sasa inamfika Apiyo katikati ya miundi, na Jumatatu Wambui atatucheka hadi langoni mwa shule. "Ataifikia," Mama akasema, akaenda kuipiga pasi.

Nilidhani hapo ndipo ningemalizia, nikuambie kwamba nina furaha. Ninayo. Lakini sasa hivi, nikiandika haya mezani, Apiyo amekuja akaegemea bega langu. "Mama amesema na Adongo pia. Kwa hivyo naye ataanza kukua?"

Nimemwambia nitamjibu kesho tukitoka kanisani. Yeye hasahau.

Huko hakuna linalotokea mpaka nilisimulie. Nikimrefusha Adongo, gauni la manjano litambana, na siku moja atakuwa msichana ambaye hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kumwona. Nisipomrefusha, Apiyo ataondoka peke yake, pindo baada ya pindo, amwache mwenzake mlangoni akiwa na miaka minne.

Shajara, nijibu kabla ya kengele ya kanisa. Nimrefushe?