Dada Alisema Amechoka na Vitabu

Alhamisi. Mvua haijakatika hapa Rwamishenye tangu mchana. Nimerudi kutoka Muleba na sina nguvu hata ya kuchemsha chai.

Jumapili mjukuu wangu Asimwe alinionyesha sehemu ya kwanza ya anime, katuni ya Kijapani, anayoipenda. Kijiji kinaungua. Kijana mmoja, ambaye hata jina hatujaambiwa, anampa mtoto wa jirani kitambaa chake kibichi ajizibe pua. "Chukua, mimi moshi haunisumbui," anasema. Mtoto anakimbia bila kugeuka nyuma. Sisi watazamaji tu ndio tunaomwona yule kijana akikohoa nyuma ya ukuta.

"Hapo ndipo unajua huyu ndiye shujaa, Bibi," Asimwe alisema. "Amedanganya ili mwenzake asikatae."

Nikajifanya nina kazi jikoni.

Miaka ya ujamaa, mimi na dada yangu Kokugonza tulimaliza darasa la saba pamoja. Tukachaguliwa sekondari sote wawili. Baba alikuwa ameshafariki, mama hawezi kuinuka kitandani, kibanja chetu cha migomba kinataka mikono, na kila kaya ilitakiwa kutoa mtu wa kulima shamba la kijiji.

"Nenda wewe," dada akasema. "Mimi nimechoka na vitabu."

Nilimwamini. Hapana, niseme ukweli: nilitaka kumwamini. Jioni ile nilimsikia akilia migombani, nikaendelea kupanga nguo zangu sandukuni.

Nikawa mwalimu. Yeye akabaki na jembe. Sijawahi kumwambia asante, maana kumshukuru kungekuwa kukiri kwamba nilijua.

Leo nilikwenda kwake Muleba kukiri. Binti yake alishanieleza kwenye simu kwamba mama yake anasahausahau, nikadhani ni uzee tu. Nilipiga magoti kando ya kitanda, nikamshika mkono, nikasema yote. Alinisikiliza kwa adabu, kama anavyosikilizwa mgeni. Halafu akanivuta karibu.

"Mama, wewe unatoka mjini? Ukimwona mdogo wangu kule shuleni, usimwambie kwamba mama yetu amezidiwa. Ataacha masomo."



"Sitamwambia," nikajibu.

Akatabasamu, akanishukuru, akageukia ukutani.

Yeye ndiye aliyenishukuru.

Asante yangu nimpelekee nani sasa?