Tarcisio Olanya, Fundi wa Fremu ya Simu

Mwaka umetimia wiki hii, Tarcisio, tangu ulipotoka nyumbani Bugolobi, Kampala, na koleo lako mfukoni, ukilalamika kwamba chai haina sukari. Sukari yenyewe ilikuwa haionekani madukani, na wewe ulijua! Hukurudi.

Wanaosoma tangazo hili gazetini huenda hawaijui kazi yako. Fremu ni ule ukuta wa chuma ndani ya jumba la simu: huku zinaingia nyaya za mji, kule ziko mashine, na katikati ulikuwa wewe, unaunganisha kila nyumba na namba yake. Nyaya ulizilehemu mbili mbili, ukazifunga kwa uzi wa nta, ukaandika kibandiko kwa mwandiko wa shule ya misheni. Hata mchicha wa sokoni uliupanga upya kwa urefu kabla sijaupika. Nilikucheka sana, mume gani huyu!

Siku ile ulikuta waya mmoja umepitishwa juu juu, hauna kibandiko, daftarini haumo. Ukauliza ni wa nani, kila mtu akarudi kwenye kazi yake. Mwenzako, ambaye jina lake tumelimeza, alikuvuta shati: "Mzee, huo acha. Ni wa wakubwa."

Ukamjibu, "Basi wakubwa nao waandike kibandiko." Ukaukata.

Jamani, baba Akidi! Ulikuwa waya wa kusikiliza simu za watu. Saa nane mchana wakaja watu watatu wa usalama, mashati ya maua. "Nani ametoa waya?" Ukanyoosha mkono kama mwanafunzi, ukaanza kuwaeleza utaratibu wa kazi. Wakakutia kwenye buti ya gari.

Tulikutafuta hospitali zote, tukatafuta na pale ambapo hatutapataja. Hatukupata hata kiatu. Mwishowe askari mmoja akatuambia kwa huruma, "Msiulize tena. Wekeni matanga."

Tukakimbilia Nairobi. Tunaogopa hata huku, hatuoni haya kusema. Simu ikilia dukani kwa jirani, naacha ninachofanya na kufunga mlango. Akidi wako, miaka saba, gari likisimama nje anaingia chini ya kitanda.

Mama yako alikataa kuvuka mpaka. Yuko palepale Bugolobi, peke yake, anasema ukirudi utamkuta nani? Kwa ajili yake tulitaka kunyamaza, maana tangazo hili likifika Kampala, mlango wa kwanza kugongwa ni wake. Tukampelekea neno kwa mkono wa mama mmoja anayefuata bidhaa sokoni Kikuubo, huko Kampala: tutangaze, au tuache? Tukitangaza, jina lake tutalificha.

Jibu limefika Jumatatu, limeandikwa nyuma ya karatasi ya sabuni:

"Mwaka mzima nimemlia mwanangu nimeziba mdomo kwa shuka, majirani wasisikie. Sasa na nyinyi mnataka kunificha? Nani alimzaa? Liandikeni jina langu, na mahali ninapokaa. Wakitaka kuja, waje, niwaulize wamemweka wapi."

Tumebishana siku tatu. Mimi nilitaka kuichoma ile karatasi. Lakini ni mama, na amesema.

Wanaokukumbuka:

Mama yako, Santina Ayot, nyumbani kwako Bugolobi.

Mkeo. Watoto wako watatu. Ndugu zako, ambao kwa leo hawana majina.

Tunakukumbuka kila siku, Tarcisio. Mwombee mama.