Mtama katika chupa ya sukari

Bukavu, Alhamisi, saa kumi ya mchana. Mvua ndogo tangu asubuhi, ile isiyo na haraka.

Ziwa halionekani leo. Siku nyingine ninaliona kutoka dirisha la chumba chetu, kipande chembamba kati ya nyumba mbili. Sasa ni ukungu tu, na mahali fulani ndani ya ukungu mtu anapasua kuni. Ninasikia shoka, mtu mwenyewe simwoni. Ningependa na mimi kuwa hivyo, kazi isikike na mwenyewe asionekane.

Leo nimepiga kelele.

Ninaandika na bado siamini. Mimi ambaye profesa akinitaja jina naangalia viatu. Mimi ambaye asubuhi, tukipangwa mbele ya bendera kwa kuimba na kucheza animation ya kumsifu Rais, ninafungua mdomo na kuufunga bila kutoa kitu. Na niliyempigia kelele ni Koko, mama ya Papa, aliyeshuka kutoka kijijini Nyantende siku ya Jumatatu na kikapu cha ndizi kichwani, kwa kutusalimia tu.

Wacha nieleze pole pole.

Wiki tatu sasa nafuga kristali ya sukari. Profesa wa kemia alimpa kila mmoja wetu kazi ya kufanya nyumbani, kisha kuja kuieleza mbele ya darasa, kwa Kifaransa, dakika kumi. Zamu yangu ni kesho, saa ya pili ya masomo. Unachemsha maji, unatia sukari mpaka maji yakatae. Unaacha yapoe. Unafunga punje moja ya sukari kwenye uzi, unauning'iniza ndani ya chupa kutoka kwenye kalamu ya bic iliyolazwa juu ya mdomo wake, unafunika na kitambaa. Halafu hugusi. Profesa alirudia hilo mara mbili: usiitikise, iache na utulivu wake.

Nilipenda kazi hiyo kuliko zote nilizowahi kupewa kwa masomo.

Sukari nayo ilikuwa shida. Siku hizi haipatikani hivi hivi, Maman anaifungia kabatini na kila mtu ana kijiko chake kimoja cha asubuhi. Nilimuuliza kama naweza kuweka changu pembeni. Alicheka. "Kijiko ni chako. Ukitaka kukitia mu kiatu, tia." Basi nikanywa chai chungu, asubuhi baada ya asubuhi, hata kabla ya kuanza kazi yenyewe, mpaka nikapata ya kujaza chupa moja ndogo ya konfitiri, ile jamu ya mkate.

Na ikaja. Kwanza punje ilikuwa kama imevaa umande. Baada ya wiki moja ilikuwa na pembe. Baada ya mbili ilikuwa na kuta, kuta kweli, zilizonyooka kuliko za nyumba yetu. Jioni kabla ya giza nilikuwa ninaitoa nyuma ya sanduku la nguo, nilikoificha, polepole kama mtu aliyebeba mutoto aliyelala, na kuiangalia kwenye mwanga. Nilikuwa ninaingia. Nasema kweli, nilikuwa ninaingia ndani. Kulikuwa na chumba cheupe, na nyuma yake kingine, na hakuna mtu aliyeniuliza kwa nini siongei. Mvua ilipiga bati na mimi nilikuwa ndani ya sukari, nikitembea bila viatu.

Nilijua pia kesho itakuwaje. Ningeinyanyua tu kuelekea dirisha la darasa. Wasichana thelathini na nane wangeiangalia yenyewe, na hakuna ambaye angeniangalia mimi.

Koko analala katika chumba chetu, mimi na dada yangu Faida. Aliiona chupa siku ya kwanza, najua, kwa sababu alisimama mbele yake na mikono nyuma. Hakuuliza. Mimi sikueleza. Nilijiambia: kwa Kifaransa ninajua maneno yote, kwa Kiswahili nusu, kwa Mashi, lugha ya Koko, hata moja. Basi nikanyamaza. Kosa lilianzia hapo, na ni langu.

Leo nimerudi saa saba, nimelowa. Nyuma ya sanduku hakuna kitu.

Chupa ilikuwa jikoni, karibu na mbabula ya makaa, imefungwa vizuri katika majani ya migomba kama mutoto wa siku tatu. Nilifungua majani. Maji yalikuwa ya uvuguvugu, na rangi ya udongo. Uzi ulining'inia mtupu kabisa. Chini kulikuwa na unga.

Koko aliinua kichwa kutoka kwenye maharagwe, anatabasamu. "Nimekutilia mutama. Ulisahau mutama. Na kule nyuma ya sanduku ilikuwa inasikia baridi."

Kwao hivyo ndivyo kasiksi, pombe ya ndizi, inavyotengenezwa: maji ya ndizi, matamu, unatia unga wa mtama uliokaangwa, unafunika, unaweka pa joto, unaacha bila kugusa. Kitu kitamu, kimefunikwa kitambaa, kimefichwa, hakiguswi. Ingekuwa nini kingine?

Hilo nimelifikiria sasa. Saa saba sikufikiri kitu. Nilipiga kelele, na kwa Kifaransa. Nilimwambia ameharibu kila kitu, kila kitu, na kwa nini anagusa vitu asivyovijua. Koko hasikii Kifaransa. Lakini sauti alisikia.

Faida alitokea mlangoni na kichana kimebaki ndani ya nywele. "Eh! Bubu ya nyumba imesema! Na Kifaransa ya ba-professeur!"

Hakuna aliyecheka. Koko alipangusa mikono, akaenda chumbani. Tulimsikia akikunja vitenge vyake. Kisha akamwambia Maman, bila hasira, kama mtu anayesema habari ya mvua: "Kesho asubuhi minarudia Nyantende. Nyumba ya basomi inanishinda."

Alikuwa abaki wiki mbili.

Maman hakunipiga. Heri angenipiga. Aliniangalia tu. "Ukiacha mama ya baba yako arudi na ile sauti mu masikio, ni weye utabaki nayo. Mimi simo."

Sasa niandike lile baya zaidi, kwa sababu hapa hakuna anayenisikia.

Nilipoona uzi mtupu, kabla ya hasira, nilifurahi. Kidogo sana, kama mtu anayepumua. Niliwaza: hakuna kristali, basi kesho sisimami. Profesa atanipa sifuri na nitakaa chini. Kelele ilikuja baada ya furaha hiyo. Nafikiri nilipiga kelele kwa kuifunika.

Nilikaa jikoni mpaka chupa ikapoa. Halafu nikaibeba, nikaingia chumbani, nikakaa chini karibu na miguu ya Koko. Hakuacha kukunja.

"Koko, unisamehe. Haikuwa pombe."

"Nilijua haitakuwa pombe. Kasiksi gani inatoshaka mu chupa ya konfitiri?" Akakunja kitenge kingine. "Nikasema, huyu mutoto anajifunza kutengeneza kasiksi peke yake, anaogopa kuuliza. Weye unaogopaka kuuliza. Nikasema, ninamusaidia kimya, asisikie haya."

Nikaiweka chupa chini, kati yetu.

Kisha nikaanza kueleza. Sijui nilieleza muda gani. Maneno ya kaye, daftari langu la kemia, hayakufaa kitu, ikabidi nitafute mengine. Nilisema maji yakiwa moto yanabeba sukari nyingi kupita nguvu yake. Yakipoa yanachoka, yanatafuta pa kuitua. Nilisema ile punje ya kwenye uzi ndiyo mahali pa kutua, na sukari inajipanga pale moja juu ya nyingine, bila mtu kuipanga.

"Nani anaiambia ipange sawasawa?"

"Hakuna, Koko. Iko hivyo tu."

"Mm. Na mutama yangu?"

Tuliinua chupa kwenye dirisha, vichwa viwili pamoja. Chini, juu ya unga, kulikuwa na kitu kinachong'aa, kidogo mno, kama mchanga uliolowa. Sukari ilikuwa imepata pa kutua. Si mahali pamoja, mahali mia.

"Ah," Koko alisema. "Kila punje ya mutama imejivutia yake. Ndiyo maana hakuna kubwa."

Profesa alitusomea jambo hilo hilo, mbegu moja tu, maji safi bila vumbi, na mimi niliandika na kupiga mstari chini yake kwa bic nyekundu. Nimelielewa leo, kutoka kwa Koko.

Halafu akasema, "Rudilia ile ya maji kuchoka," na akakaa juu ya vitenge vyake kwa kusikiliza. Nikarudilia. Faida alikuwa amesimama mlangoni muda wote na sikumwona. Alitoka bila kusema kitu, na Faida si mtu wa kutoka bila kusema kitu.

Kesho nitapeleka chupa hii, na mtama wake. Watacheka. Nitasema Koko wangu alitia unga, na nitaonyesha unga umefanya nini. Nimejaribu sentensi ya kwanza kwa Kifaransa, chini chini. Imetoka, ingawa inatetemeka.

Mfuko wa Koko bado umefungwa, uko kando ya mlango. Hakusema anabaki. Aliuliza tu ninarudi saa ngapi. Nikasema saa saba. Akasema, basi ataondoka baada ya saa saba, kwanza asikie walinijibu nini. Na nisimdanganye: kama nitakuwa nimenyamaza kule, atajua kwa miguu yangu tu, nikipanda ngazi za nyumba.

Mvua imekatika. Shoka pia.

Kesho saa saba, hizo ngazi nitazipanda vipi?