Mimi Ndiye Niliyepiga Ngoma

Jumatatu, 1 Julai

Clairwood, ghalani, tangu saa kumi na mbili asubuhi. Kontena mbili za vigae. Vidole vimechubuka. Msimamizi amefoka siku nzima, Kiingereza na Kizulu, nusu yake sikuelewa. Taxi hadi mjini, halafu nyumbani Point kwa miguu. Mke wangu amepika sombe, kisamvu cha kwetu. Mtoto wetu Furaha ana kikohozi, lakini anacheza. Hakuna jipya. Napenda siku zisizo na jipya.

Jumapili, 7 Julai

Kanisani. Nilikuwa nyuma napanga viti, kazi yangu ya kila Jumapili. Pasta ameniomba tena nipige ngoma, maana mpigaji wao amehamia Johannesburg. Nimemwambia mkono unauma. Mwaka wa nne huu mkono unauma.

Baada ya maombi akamsimamisha mgeni mbele. Mama wa miaka arobaini hivi, mwembamba, amevaa koti la kiume. Wanamwita Mama Riziki. Ametoka kambi ya wakimbizi Tanzania, ameshuka na malori na mabasi, wiki tano njiani. Mtoto amemwacha kwa bibi yake. Anamtafuta mume wake. Mwalimu wa shule. Askari wa msituni walimchukua kijijini kwao Namwezi, miaka kumi na miwili iliyopita.

Nilikuwa nimeshika viti viwili. Nikaviweka chini polepole.

Akasema: «Walipiga ngoma ya mukutano. Watu wakatoka. Bwana yangu alitoka wa kwanza, alizania ni mambo ya masomo.»

Nilikuwa na miaka kumi na sita. Mimi ndiye niliyepiga ile ngoma.

Jumatatu, 8 Julai

Sijawahi kuliandika hili popote. Hata kwenye ofisi ya wakimbizi niliandika kwamba nilikuwa mtoto wa mkulima, nikakimbia. Ni kweli. Lakini katikati iko miaka miwili niliyoiruka.

Shuleni kwetu mimi ndiye niliyepiga ngoma ya kupanga mistari asubuhi. Nilikuwa hodari. Askari walipokuja walichukua mchele, mbuzi, mimi na ngoma. Kamanda alisema bunduki inawakimbiza watu, ngoma inawaita. Basi tukifika kijiji nilitangulizwa uwanjani, nipige kama mkutano wa chifu. Watu walitoka wakifunga vitenge vyao, wengine wakitafuna. Halafu askari walitoka migombani.

Mke wangu anajua nilibebeshwa mizigo. Hajui kuhusu ngoma.

Leo nimedondosha boksi zima la vigae. Msimamizi ameniuliza kama nimelewa.

Jumatano, 10 Julai

Nimerudi nimemkuta Mama Riziki ameketi kitandani kwetu, Furaha mapajani mwake.

Mke wangu kamleta. Eti alikuwa analala kwenye korido ya kanisa, baridi hii. Atakaa nasi, nyuma ya pazia, mpaka apate pa kwenda. Ningesema nini? Nimesema karibu.

Alinionyesha simu yake. Picha moja tu ndiyo iliyomleta hapa. Mtu mmoja aliipiga sokoni Warwick Junction, hapa mjini, akaituma kambini. Watu wengi, mizigo, na mbele kidogo mwanamume ameipa kamera mgongo, bega moja chini kuliko jingine. «Ile bega ni yake,» alisema. «Alivunjika wakati ya utoto.»

Ni kweli bega la Mwalimu lilikuwa hivyo. Nililitazama siku tatu, nikitembea nyuma yake.

Mke wangu akasema: «Papa Furaha, wewe uko mutu ya kule. Haukusikiaka kitu ya Namwezi?»

Wote wawili wananitazama. Furaha naye.

Nikasema: «Wengi walivuka ziwa.»

Mama Riziki alinishika mkono kwa mikono yake miwili. Akanishukuru. Mimi ni mbwa.

Alhamisi, 11 Julai

Amempata mtu wa kwenye picha.

Mke wangu ndiye aliyenisimulia, alikwenda naye Warwick. Wamezunguka tangu asubuhi, kwa wauza dawa za mizizi, kwa wauza mahindi, wakionyesha simu. Karibu na ngazi za daraja wakaona lile bega. Mama Riziki akaita jina la mumewe kwa sauti, watu wote wakageuka. Yule naye akageuka. Ni Mrundi, anauza mikanda. Kijana tu. Akasema pole mama, akampa kiti na maji.

Nilidhani sasa atarudi kambini. Nilitaka arudi. Naandika ukweli: nilifurahi.

Lakini jioni wakati wa kula alikuwa na uso mpya. Kuna mtu amemwambia Cape Town iko na walimu wengi wa Kongo, wanalinda magari. «Na Papa Furaha alisema wengi walivuka ziwa,» akaniambia. Basi lake ni Jumamosi saa nne asubuhi. Anakwenda mji asikomjua mtu, mwezi wa baridi, kwa sababu ya sentensi yangu.

Nilimwachia Furaha sahani yangu.

Ijumaa, 12 Julai

Sikwenda kazini. Nimesema naumwa.

Mke wangu alipanda juu kwenye paa kuanika nguo, nikamfuata. Upepo mkali kutoka bandarini. Nikamwambia kila kitu huku nimeshika ndoo. Ngoma. Namwezi. Mwalimu. Aliendelea kuanika mpaka nguo zikaisha, kisha akabaki amezishika kamba.

«Niliolewa na nani?» akauliza. Hakuuliza kwa hasira. Aliuliza kama mtu anayetaka kujua.

Nikamwambia walikuwa wananipiga. Nikamwambia wa kwanza aliyekataa aliuawa mbele yetu, yeye na mdogo wake. Akasema: «Hiyo nimesikia. Hiyo si ile nimekuuliza.»

Nikamwambia kuhusu karatasi zangu. Ofisi ikijua nilikuwa askari, wananinyima. Wakininyima, yeye na Furaha pia. Na hapa kanisani wako watu wa kule wanaoweza kuniua kwa mikono.

Akachukua ndoo. Akasema: «Kesho umwambie mbele ya basi. Kama hauwezi, nitamwambia mimi, na mimi na mutoto hatutarudi kwa hii nyumba.»

Naogopa. Siku zile msituni niliogopa kama watu wote. Leo naogopa peke yangu.

Jumamosi, 13 Julai

Nimemwambia.

Nilimbebea begi hadi kituoni. Njia nzima anaongea yeye. Kwamba akimpata Mwalimu hatamgombeza, hata kama ana mke mwingine. Kwamba atamwambia tu mtoto anasoma vizuri. Tuliketi kwenye benchi ya saruji. Watu wanapanga mablanketi na mabeseni chini ya basi. Nikasema: «Mama, usipande.»

Nilisema ile ngoma ilikuwa yangu. Nilidhani atapiga yowe. Alinitazama mdomo, kama kiziwi anayesoma midomo.

Nikaendelea, kwa sababu kama ningenyamaza nisingeweza kuanza tena. Walimbebesha Mwalimu sanduku la risasi. Siku ya pili bega lilikataa, akawa analibeba kichwani. Siku ya tatu tulifika mtoni, akateleza, sanduku likaenda na maji. Kamanda akampiga risasi palepale. Hakuteseka muda mrefu. Hilo ni kweli, sikulitunga kumfariji.

Akasema: «Unasema uongo. Wewe unataka nini?»

Nikasema: «Alinihadithia una mimba. Alisema kama ni msichana mtamwita Riziki.»

Hapo akainama. Alishika tumbo kama limekatwa. Alipoweza kusema, alisema: «Hiyo jina tulipangaka sisi wawili, ndani ya nyumba. Hata mama yake hakujua.»

Kisha maswali. Madogo madogo. Alikuwa na viatu? Hapana, walivichukua. Ni nani alimzika? Mimi na mwingine, kwa mawe na mchanga, haraka. Upande gani wa mto? Huu wa kwetu, juu ya maporomoko. Tulimfumba macho? Ndiyo. Nani? Mimi.

Dereva akaanza kuita majina.

«Na ile siku, ulikula?»

«Ndiyo.»

«Ulikula nini?»

«Mihogo.»

Alinipiga kofi, mara moja, si kwa nguvu. Basi likaondoka. Akachukua begi lake mwenyewe, akanikataza nisimfuate.

Jumapili, 14 Julai

Mama Riziki amesema yote kanisani, mbele ya wote. Sikuwapo. Mke wangu amekuja kuchukua nguo zake na za Furaha. Matanga yanafanyika ukumbini, wiki nzima, anakwenda kukaa na mfiwa. Amesema Pasta anaomba nisikanyage pale. Amesema wako wawili wanaotaka kunipeleka polisi na mmoja anayetaka kunipiga, na Mama Riziki amewaambia bado.

Bado. Nimelifikiria neno hilo siku nzima.

Furaha aliniuliza kwa nini siendi nao. Nikasema nina kazi. Akanipungia mkono kutoka ngazini mpaka akapotea.

Jumanne, 16 Julai

Clairwood. Hakuna aliyekaa karibu nami wakati wa kula. Wakongo wenzangu wawili wamehamisha mikebe yao upande wa pili wa lori. Mzulu anayeendesha foklifti akaniuliza: «Eish, my brother, umewafanya nini?» Nikasema ni habari ndefu. Akasema sharp, yaani sawa, akaniachia nusu ya mkate wake.

Nilijificha chooni nikalia. Kwa sababu ya mkate. Mwalimu naye alinimegea muhogo wake, siku ya pili. Sikumwambia Mama Riziki. Nilishindwa.

Jumatano, 17 Julai

Asubuhi sikupanda taxi. Nilikwenda kwenye mawe pale meli zinapoingilia bandarini. Nilisimama hapo labda saa nzima, karibu sana na maji. Mvuvi mmoja mzee Mhindi alikunja mshipi wake, akaja akasimama kando yangu. Hakuondoka. Mwishowe mimi ndiye niliyeondoka.

Nyumba haina sauti. Nguo moja ya Furaha imebaki kwenye kamba. Sina ninachostahili kuomba, kwa hiyo sijaomba.

Alhamisi, 18 Julai

Mama Riziki amekuja. Peke yake, amenyoa nywele. Hakuketi. Ametoa daftari jipya na kalamu kwenye mfuko wa plastiki.

«Andika,» alisema. Mto, njia, maporomoko, mawe. Jina la kamanda. Siku waliyofika. Ndugu yake Mwalimu yuko bado kule, ataweza kwenda kumtafuta amzike kwa heshima. Na chini niandike jina langu lote, na kazi niliyofanya.

Nikamwambia: «Mama, hii karatasi ikifika ofisini, wananirudisha.»

«Najua,» akasema. «Mimi sitaipeleka. Lakini itakuwa mukononi yangu. Utakaa hivyo.»

Niliandika kurasa nne. Nilichora mto. Niliandika pia habari ya muhogo, kwa kuwa kusema nilishindwa. Alisimama wakati wote, amenigeuzia mgongo, anatazama dirishani. Nilipomaliza alisoma polepole, kidole kwenye mistari. Penye muhogo kidole kilisimama. Kikakaa. Kisha kikaendelea.

Mlangoni akasema: «Sikusamehe.»

Nikasema najua.

«Bibi yako arudi kama anataka. Mimi simuzuie.»

Jumamosi, 20 Julai

Mke wangu amerudi na Furaha. Hatuongei. Amefua, amepika, ameweka sahani tatu. Analala na mtoto, mimi ninalala chini nyuma ya pazia. Mama Riziki anaanza safari ya kurudi kambini Jumatatu, kanisa limemtafutia nafasi kwenye lori la Mtanzania mmoja. Anakwenda kumwambia binti yake.

Jumapili, 21 Julai

Wao wamekwenda kanisani. Mimi nimebaki. Mvua nyembamba. Nimepiga deki.

Karibu na saa sita mlango umegongwa. Nimefikiri ni wale wanaotaka kunipiga. Nimefungua hata hivyo.

Ni mzee anayeshona viatu Warwick, namfahamu kwa sura tu. Kofia mkononi, imelowa. Alinisalimia kama watu wa kwetu wanavyosalimia, habari za nyumba, habari za mtoto, mpaka mwisho. Kisha akasema yeye ni mtu wa Kitembo. Ngoma ilipigwa huko pia. Alikuwa na binti, miaka kumi na tisa, gauni la kijani.

«Wanasema ulikuwako,» alisema. «Sikuje kwa ubaya. Nataka kujua tu.»

Kitembo nakikumbuka. Gauni nalikumbuka.

Nimempa kiti.